Zamu ya Kulinda Kijiko

Niliapa kulinda raia na mali zao.
Nimepangiwa kijiko.
Si cha chai, nilimwambia mama kwenye simu,
akacheka kule Tukuyu mpaka salio likakata.
Ni cha kuchimbia, cha manjano, mkono wake mrefu kuliko kanisa letu,
kimelala Kilolo kwenye ukungu
nami nimelala miguuni pake
na bunduki moja ya watu wawili,
mwenzangu Mahundi akikoroma
kama jenereta iliyonyweshwa mafuta machafu.

Barua ya wilaya ilisema kazi ni halali,
mkandarasi ana mkataba, apewe ulinzi.
Haikusema alindwe na nani asimfikie.
Usiku wa kwanza viling'oka vigingi kumi na vinne.
Usiku wa pili, sukari kwenye tangi la greda,
kilo nzima, kwa bei hii ya sukari!
Injinia Rweyongeza alikaa juu ya kalavati
akahesabu kwa vidole faini ya kila siku ya kuchelewa,
vyake vilipoisha akatazama vyangu.

Alfajiri huja Oresta Kihwelo.
Kamwene, husema. Kamwene, huitikia,
Kihehe changu kinaishia hapo.
Huinama chini ya utepe wetu mwekundu
kama anayepita chini ya kamba yake ya kuanikia nguo,
huingia kwenye mianzi,
hukata ncha, hufungua mbeta, hufunga mbeta,
na opareta huzima injini bila kuambiwa
kwa sababu jioni atakunywa.

"Mtoe," injinia ananiambia.
Namwendea, tope likinyonya buti.
"Mama, si ulilipwa?"
"Nililipwa vyumba vitatu. Nililipwa na choo.
Yule kijana wa tathmini, mwenye kalamu sikioni,
alifika hapa penye mianzi akaandika: nyasi."
Alilitamka neno hilo
kama anayetema mchele wenye jiwe.

Nimeuliza. Mwalimu wa sayansi wa sekondari ya kata
amethibitisha: mwanzi ni jamii ya nyasi.
Basi fomu haikusema uongo.
Nyasi zilizolipa ada za watoto wanne,
nyasi zilizomzika mume kwa sanduku la mbao ngumu,
nyasi.

Lakini Jumapili walipita na machela,
wanaume sita wakipokezana kwenye utelezi,
blanketi, na chini ya blanketi mwanamke
aliyekuwa akiita jina la dada yake.
Niliwamulikia tochi hadi kilima kikawameza.
Gari lilikuwepo ng'ambo. Njia haikuwepo.
Kwa hiyo usinililie mianzi,
na wewe mwenye kofia ngumu, usinihutubie.

Jumanne kijiko kiliamka.
Mimi na Mahundi tulibeba mbeta, arobaini na moja,
mikono miwili miwili, kama watoto wa kipaimara,
tukazipanga barazani kwa Oresta, hakuna iliyomwagika.
Hakutushukuru. Alihesabu.
Kisha mianzi ikatoka na mizizi yake,
kwa sauti ya shuka linalochanwa polepole,
na uchachu ukapanda hadi kwenye kilemba cha mlima.

Mwanawe, Gaspari, ana ajira kwa mkandarasi.
Hushika bendera, ya kijani pita, nyekundu simama,
na alipewa buti mpya, soli ina nyota.
Siku ile alishika nyekundu kutwa nzima
ingawa hapakuwa na gari.

Usiku vigingi vikang'oka tena.
Nilimulika: nyota, nyota, nyota,
zikielekea nyumba ninayoijua.
Nikafungua daftari. Wahusika, niliandika,
kalamu ikasimama.
Mvua ikaanza, matone manene ya Machi.
Ningeweza kuifunika alama moja kwa ndoo
mpaka afande wa upelelezi afike kutoka Iringa.
Ndoo ilikuwepo.
Niliigeuza,
nikaikalia.